Jagari na Mawe

Kutoka Tunduma kwenda Nakonde ni hatua chache tu, lakini Zamrock, rock ya Zambia yenye magitaa ya kukwaruza, mimi niliijulia YouTube nikiwa nasoma uzamili.

Emmanuel Chanda alikuwa mwimbaji wa bendi ya WITCH. Jina Jagari alilichota kwa Mick Jagger, akalipa vokali za kwetu. Albamu ya Lazy Bones!! ilitoka 1975. Kisha bei ya shaba ikaporomoka, hela ya burudani ikakauka. Jagari akaenda kufundisha, baadaye akachimba vito. Wenzake wa mwanzo wakafariki mmoja mmoja.

Mashabiki wa Ulaya waliomgundua upya huisimulia miaka ile ya machimbo kama kaburi alilofufuliwa humo. Hapo nakataa. Nenda Saza, hapahapa Songwe, umwambie mchimba dhahabu kwamba anapoteza maisha: atakuuliza wanao wanakula nini. Kulisha watoto si maisha ya akiba.

Ila kuna jambo linanisumbua. Mwaka 2023 WITCH walitoa Zango, na mzee Jagari ndiye anaimba. Kama mawe yalimtosha, alirudi kutafuta nini?