Je, Kipaji Hudai Maisha Yote?

Filamu ya The Red Shoes, iliyotengenezwa Uingereza mwaka 1948 na Michael Powell na Emeric Pressburger, inafundisha kwamba sanaa haikubali ukewenza. Vicky, mcheza baleti, anatakiwa achague kati ya mume na jukwaa. Kuchagua kunamshinda, na mwisho wake ni kifo. Moira Shearer, Mskoti aliyeigiza nafasi hiyo, aliishi vingine. Alijiunga na kundi la baleti la Sadler's Wells mwaka 1942, akacheza nafasi ya kwanza katika baleti ya Cinderella ya Frederick Ashton mwaka ule ule wa filamu, na mwaka 1953, akiwa na miaka 27 tu, ameshaolewa na jina lake limeenea Ulaya na Marekani, akaiaga baleti. Je, alikidhulumu kipaji chake? Nasema hakudhulumu. Kipaji ni amana, na mwenye amana ni Mungu. Watazamaji walipata haki yao usiku walioukatia tiketi. Miaka iliyobaki hawakuinunua.

Atakayepinga kwa hoja ya dini atafungua Injili ya Mathayo, sura ya 25, alipohukumiwa mtumwa aliyefukia talanta ya bwana wake. Lakini yule aliifukia kwa woga, asiifanyie biashara hata siku moja. Shearer alifanya biashara, na faida ikaonekana. Waislamu nao wanaijua hadithi ya masahaba Salman na Abu Dardaa, ambamo hata ibada ya sunna inawekewa mpaka ili mwili na mke wapate haki zao. Ikiwa saumu na kisimamo cha usiku vina mpaka, baleti itakosaje?

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Katika Uingereza ya miaka ya 1950, aliyetarajiwa kuacha kazi kwa ajili ya nyumba alikuwa mke, mara chache sana mume. Huenda tunachokiita uamuzi ilikuwa ni desturi tu, imevikwa joho la hiari. Hoja hii inatuzuia kumfanya Shearer kigezo cha wanawake wote, kwani anayelazimishwa kuacha amedhulumiwa sawasawa na anayelazimishwa kuendelea. Hata hivyo, maisha yake ya baadaye hayafanani na ya mtu aliyefungiwa ndani. Aliigiza tamthilia, akarudi kwa Powell katika filamu ya Peeping Tom mwaka 1960, akaandika kitabu kuhusu mtunzi wa baleti Balanchine, na mwaka 1987 akacheza tena mbele ya kamera za BBC katika A Simple Man.

Kwa hiyo urefu wa kazi haupimi uaminifu wa mtu kwa kipaji chake. Amana hukaguliwa kwa jinsi ilivyotunzwa ilipokuwa mkononi, na aliyeitunza vizuri hadaiwi. Tusimdai msanii maisha yake yote kwa sababu tu aliwahi kutufurahisha.