Mfalme Asiyesikika

Septemba 1899, mjini London, mwigizaji Herbert Beerbohm Tree aliketi kitini mbele ya kamera na kuanza kufa. Alikuwa akiigiza kifo cha mfalme aliyelishwa sumu, kutoka tamthilia ya King John. Kipande kilichobaki hakifiki hata dakika mbili. Mfalme anajipindapinda, anahema, midomo inacheza. Sauti hakuna. Hiyo ndiyo filamu ya kwanza ya Shakespeare inayojulikana, na Shakespeare, ambaye mtaji wake wote ulikuwa maneno, hasikiki ndani yake.

Je, huo si wizi? Ukimnyang'anya mtunzi maneno, umembakizia nini?

Tusiharakishe kuhukumu. Siku hizo hizo Tree alikuwa akiuigiza mchezo huo jukwaani. Aliyekwisha kumsikia ukumbini aliweza kuirudisha sauti yake kichwani. Asiyemjua aliona tu mtu anayeumwa tumbo. Kumbe maana haikuwa imepotea. Ilikuwa imewekwa amana kwa yule aliyesikiliza mapema.

Lakini amana huliwa. Mwaka 1921, huko Ujerumani, Asta Nielsen aliigiza Hamlet katika filamu bubu, na humo Hamlet ni mwanamke aliyelelewa kama mwanamume. Filamu yenyewe ni nzuri sana, mimi naipenda. Ila inatufunza jambo: asiyeweza kusema anaweza kusemewa lolote. Hamlet ni mtu wa kubuniwa, hadhuriki. Binadamu je?

Nyanya yangu alipopigwa na kiharusi, alipoteza maneno miaka miwili kabla ya kufa. Ikazuka habari ya shamba. Kila mjomba alikuja na lake: "Mama anataka liuzwe." "Mama anataka tugawane." Nyanya yupo pale pale kitini, midomo inacheza. Aliyemwelewa ni msichana wa kazi, aliyekaa naye jikoni miaka tisa. Akasema, "Huyu anaomba chai." Tukacheka. Chai ikaletwa, Nyanya akanywa yote. Kuhusu shamba, msichana hakuulizwa, na yeye hakujifanya anajua.

Hapo ndipo naona jibu. Kumwigiza bubu si dhambi, na kumtafsiri si dhambi. Lakini haki ya kumsemea mtu haitokani na damu wala na kamera. Inatokana na kumsikiliza alipokuwa bado anasema, na hata ukishaipata, ina mpaka: chai ni chai, shamba ni shamba.

Wajomba waliuza.