Haki ya Kwanza ya Jirani

Tarehe 4 Agosti 1993, serikali ya Rwanda na chama cha RPF walitia saini mkataba wa amani mjini Arusha. Wengi walishangilia. Lakini tangu Julai mwaka ule ule, redio RTLM ilikuwa ikipanda chuki kwa nyimbo na mzaha, na watu walicheka. Aprili 1994 mauaji ya kimbari yakaanza. Wauaji na waliouawa, wengi wao walikuwa wa ubatizo mmoja. Wakimbizi wakavuka mpaka, wakafika hata kwetu Karagwe.

Je, asiyeshika panga hana kosa? Analo, ikiwa alicheka jirani yake alipoitwa mende. Nabii Isaya afundisha kwamba amani ni tunda la haki. Na haki ya kwanza ya jirani ni kuitwa mtu.

Basi, wazazi wapendwa, wa Kituntu na wa nchi nzima, msiiachie serikali peke yake kazi ya kulinda amani. Mtoto aletapo nyumbani neno la kudharau kabila, dini au chama cha wengine, msicheke. Mwonyeni kwa upole, papo hapo. Mkataba hutiwa saini mara moja. Amani hulindwa kila jioni, penye meko.