Kosa Lililojificha

Mwaka 1974 Ernő Rubik wa Hungaria alibuni mchemraba wa rangi sita ambao tabaka zake huzungushwa. Baadaye ulitengenezwa kwa maumbo mengine. Mmojawapo, mchemraba wa Fisher, ukivurugwa hupoteza hata umbo lake.

Mwenye kuupanga huenda akafika mwisho, akaona kipande kimoja tu cha ukingo kimepinduka. Hudhani chombo kimeharibika, kwani vipande vya ukingo hupinduka kwa idadi shufwa tu. Kimoja peke yake hakiwezekani. Basi cha pili kiko wapi? Kimo katika tabaka la kati, miongoni mwa vipande vyenye rangi moja, ambavyo hata vikipinduka huonekana vile vile. Dawa ni kukubali kuvuruga kwa muda kazi iliyokwisha kunyoka, na kuvipindua vyote viwili pamoja.

Mwanadamu naye ni hivyo. Aibu ionekanayo leo mara nyingi ni pacha wa kosa la jana, lililopita bila shahidi. Je, tulaumu bahati, au turudi kulitafuta? Kurudi nyuma kunauma. Lakini mficha maradhi, kifo humuumbua.