Uzuri wa Kericho una Deni?

Mtalii anayetembezwa siku kadhaa Kericho na Bomet, nchini Kenya, huonyeshwa vilima vya kijani, wachumaji na viwanda vya chai. Je, macho yake yana wajibu wowote?

Mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuwahamisha Talai, ukoo wa viongozi wa kiroho wa Wakipsigis, wenyeji wa vilima hivyo. Walipelekwa Gwassi, karibu na Ziwa Viktoria, kwenye mbung'o na malaria. Wakipsigis wengine nao walipoteza ardhi; mashamba ya chai ya wazungu yakatanda.

Kijadi, Wakipsigis walimwita Mungu Asis, jina linalofungamana na jua. Jua halichagui bonde la kumulika. Kutazama kwa haki, basi, ni kuona pia waliofukuzwa.

Mwongoza watalii asiyewataja Talai huficha ukweli. Ziara ianze kwa wazee wao, ndipo ifike mashambani.