Deni kwa Yule Mmoja

Vidonge vya SP, dawa ya malaria, ni vitatu, na mama mjamzito anayehudhuria kliniki humeza vyote kwa mkupuo mmoja, muuguzi akiwa amesimama mbele yake na kikombe cha maji. Hakuna cha kurudia jioni wala kesho yake. Sulfadoksini, ile salfa iliyomo ndani, hukaa mwilini siku nyingi kabla haijapungua, na ndiyo maana dozi moja hutosha kumkinga mama kwa wiki kadhaa na malaria inayojificha kwenye kondo la nyuma na kumdumaza mtoto. Kwa walio wengi kabisa hakuna linalotokea zaidi ya kichefuchefu. Hata hivyo salfa ni miongoni mwa dawa zinazojulikana kuleta, kwa nadra sana, ugonjwa uitwao Stevens-Johnson. Huanza kwa homa na macho mekundu, midomo ikavimba na kuchanika, yakaja madoa yanayogeuka malengelenge, na mwishowe ngozi ikabambuka kama ya mtu aliyemwagiwa maji ya moto. Wapo wanaopona wakabaki na makovu machoni. Wapo wasiopona. Na ile sifa inayoifanya dawa hii ifae ndiyo inayomfunga mgonjwa huyo mmoja: huwezi kumwambia aache dawa ambayo amekwisha kuimeza yote.

Msibani, mtu wa namna hii husemewa maneno yale yale anayosemewa aliyezama baharini au aliyepigwa na radi. Ni amri ya Mungu. Siku yake ilikuwa imefika. Sina ugomvi na maneno hayo yakitoka kinywani mwa mama aliyefiwa. Ni haki yake, na mara nyingi ndiyo kamba pekee aliyobaki nayo ya kushika. Swali langu ni kama maneno hayo yanamaliza hesabu kwa sisi wengine, yaani waliotengeneza dawa, walioiruhusu, walioitoa, na sote tuliomeza dawa ile ile tukapona. Ninaamini hayamalizi. Yanajibu kwa nini maisha ya mtu yana mwisho, lakini hayajibu nani anawiwa nini pale mmoja anapoumia kwa kitu ambacho maelfu wamenufaika nacho. Maswali hayo mawili tumeyachanganya kwa muda mrefu, na mwenye kuumia ndiye aliyelipia mchanganyiko huo.

Hebu tutazame jinsi ujuzi wa madhara ya nadra unavyopatikana. Kabla dawa haijaingia sokoni hujaribiwa kwa watu mia kadhaa, pengine elfu chache. Wanatakwimu wana kanuni nyepesi: ukiwapa dawa watu 3,000 na asitokee hata mmoja aliyepatwa na dhara fulani, huwezi kusema dhara hilo halipo; unachoweza kusema kwa uhakika wa kutosha ni kwamba halizidi mmoja kati ya 1,000. Dhara linalompata mmoja kati ya 20,000 linaweza kupita katikati ya majaribio yote bila kuonekana, hata watafiti wawe waadilifu kiasi gani. Huonekana baadaye, dawa ikiwa tayari rafuni na mikononi mwa watu. Wasafiri wa Kimarekani waliokuwa wakimeza SP kila wiki kujikinga na malaria ndio walioonyesha ukubwa wa hatari ya dawa hiyo katika miaka ya 1980: vifo kati ya mmoja kwa 11,000 na mmoja kwa 25,000. Dozi ya mara moja ya kliniki si sawa na kumeza kila wiki, na hatari yake ni ndogo zaidi. Ninachotaka msomaji akione ni njia iliyotumika kuijua namba yenyewe. Haikupatikana kwa hesabu za maabara. Ilipatikana kwa kuhesabu waliokufa, na kila onyo lililoandikwa kwa herufi ndogo ndani ya boksi la dawa lina mtu nyuma yake aliyelipia wino huo kwa mwili wake.

Mfano ulio karibu nasi zaidi ni wa thiasetazoni. Kwa miongo kadhaa Afrika Mashariki ilitibu kifua kikuu kwa dawa hii ikichanganywa na isoniazidi, kwa sababu ilikuwa rahisi kwa bei na ilifanya kazi. Ilijulikana kwamba huwadhuru wachache ngozi, na wachache hao walihesabiwa kuwa ni bahati mbaya. Kisha likaja janga la VVU, na kwenye wodi za kifua kikuu wagonjwa wakaanza kubambuka ngozi kwa wingi usioelezeka. Utafiti uliofanyika Nairobi na kuchapishwa mwaka 1991 uliwatenganisha wagonjwa kwa hali zao: miongoni mwa wenye VVU, takriban mmoja kati ya watano alipatwa na madhara ya ngozi, na miongoni mwa wasio na VVU ilikuwa kama mmoja kati ya mia. Baadhi yao walikufa. Shirika la Afya Duniani likatoa mwongozo kwamba wenye VVU wasipewe dawa hiyo. Bahati mbaya ile ilikuwa na sababu muda wote, na sababu hiyo ilijulikana kwa kuwa kuna watu walioketi kando ya vitanda wakaandika nani ameumia, lini, na alikuwa na nini kingine mwilini. Kama kila kifo kingefungwa kwa neno kudra na faili likarudishwa kabatini, dawa ile ingeendelea kutolewa.

Sitaki kudai kwamba kila nadra itapata maelezo siku moja. Tangu 1956 tunajua kwamba upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, ambao ni wa kawaida kwa watu wengi wa ukanda wetu wa malaria, ndio unaofanya dawa ya malaria iitwayo primakwini ivunje chembe nyekundu za damu za baadhi ya watu. Na bado yapo madhara mengi ambayo hakuna kipimo kinachoweza kumtabiri atakayeyapata. Huenda daima litabaki fungu la mambo yasiyotabirika. Deni ninalolizungumzia halitegemei kupatikana kwa sababu. Linatokana na jambo lililo wazi zaidi: wote waliomeza walisimama kwenye foleni moja, hakuna aliyejua nani ataumia, na faida waliyopata walio wengi isingepatikana bila mtu fulani kusimama mahali pa yule mmoja.

Pingamizi la kwanza ni la imani, na ni zito. Likishaandikwa limeandikwa, kutafuta mhusika ni kumlalamikia Mwenyezi Mungu kwa mlango wa nyuma. Lakini imani zenyewe hazikuishia hapo. Khalifa Umar alipofika Sargh, njiani kuelekea Shamu, akaambiwa kwamba tauni imeingia nchi ile, aliamua kurudi. Sahaba Abu Ubayda akamuuliza kama anaikimbia kadari ya Mungu. Jibu la Umar, kwa maana yake, lilikuwa kwamba anatoka katika kadari moja kwenda katika kadari nyingine, na akapiga mfano wa mchungaji aliye bondeni, upande mmoja una majani na wa pili ni ukame: popote atakapowalisha ngamia wake atakuwa ndani ya kadari, ila hiyo haimwondolei kazi ya kuchagua. Injili ya Luka nayo inataja mnara wa Siloamu ulioangukia watu 18 wakafa, na Yesu anakataa katakata kwamba walikuwa wakosefu kuliko wakazi wengine wa Yerusalemu. Nayaweka masimulizi haya mawili pamoja kwa sababu kila moja linaziba njia moja ya kukwepa. La kwanza linakataza kuifanya kadari kuwa mto wa kulalia. La pili linakataza ule mnong'ono unaomfuata kila aliyedhuriwa na dawa: lazima ana jambo, amerogwa, au damu yake ina kasoro.

Pingamizi la pili ni la kisheria: pasipo kosa, deni linatoka wapi? Muuguzi alifuata mwongozo, mtengenezaji hakuficha kitu, mamlaka ilikagua. Hapa fiqhi ya Kiislamu ina hekima ambayo sheria nyingi za kisasa zimeichelewa. Anayeua kwa bahati mbaya, bila kukusudia, hawekwi sawa na muuaji wa makusudi. Hata hivyo familia ya marehemu inastahili fidia iitwayo diya, na diya hiyo haibebwi na mtu yule peke yake, hubebwa na aqila, yaani jamaa zake kwa pamoja, na asipokuwa nao wanazuoni wengi waliielekeza kwenye hazina ya umma. Lawama imetenganishwa na deni, kisha deni likasambazwa mabegani mwa wengi. Jambo hili lina faida nyingine isiyosemwa sana. Nchi zetu zina fomu za kuripoti madhara ya dawa. Tanzania iliingia katika mpango wa kimataifa wa kuyafuatilia mwaka 1993, na Kenya mwaka 2010. Fomu hizo hubaki tupu mahali ambapo anayeripoti anahofu kwamba jina lake litageuka jina la mshtakiwa. Muuguzi aliyetoa vidonge vile atabeba huzuni ambayo mfamasia wa jirani hataibeba, na ni huzuni ya haki, ya mtu ambaye mkono wake ulihusika bila kukosea. Tukimwambia wazi kwamba huzuni hiyo si hatia, kalamu yake itakuwa nyepesi.

Lililobaki ni pingamizi la hofu, na ndilo linalonisumbua kuliko yote. Ukiwaambia watu juu ya ngozi kubambuka, watakimbia dawa, na malaria itaua wengi kuliko salfa ingeweza kuwaua. Hofu hiyo si ya kubuni. Tanzania ilipoacha klorokwini mwaka 2001 na kuifanya SP kuwa dawa ya kwanza ya malaria, habari za watu kuungua ngozi zilienea haraka, na wapo waliosita kuitumia hadi ilipokuja dawa ya mseto mwaka 2006. Ila tazama habari hizo zilivyosafiri. Zilipita sokoni na ndani ya daladala, bila namba, bila maelezo ya dalili za mwanzo, bila kumwambia mtu akimbilie wapi akiona macho yamewaka na midomo imechanika. Mficha maradhi kifo humuumbua, na mwenye kuficha hatari ya dawa huumbuliwa vivyo hivyo na uvumi. Anayeambiwa kwamba jambo hili ni nadra mno, kwamba malaria ya mjamzito ni hatari kubwa zaidi, na kwamba akiona dalili hizi aje siku hiyo hiyo, amepewa nafasi ya kukubali. Asiyeambiwa ametolewa sadaka bila kuulizwa, hata kama mwisho wake atapona.

Wapo watakaosema nchi maskini haziwezi kulipa. Nadhani hesabu inasema kinyume. Uchache ule ule tunaoutumia kuwatuliza watu, kwamba ni mmoja tu kati ya maelfu mengi, ndio unaolifanya deni lake lilipike na maelfu hao. Mwaka 2021, chanjo za UVIKO-19 zilipoanza kusambazwa, uliwekwa mfuko wa fidia bila kutafuta mwenye kosa kwa nchi na maeneo 92 yenye kipato cha chini na cha kati, Tanzania na Kenya zikiwemo. Kilichoufanya uwezekane kwa chanjo moja wakati wa taharuki kinaweza kufikiriwa kwa dawa tunazozitoa kila siku, kwa utulivu, kwa sera ya serikali, kwa wajawazito tunaowaita wenyewe waje kliniki wameze wakiwa wazima. Hawa wana haki zaidi, kwa kuwa hawakuja wakiumwa. Waliitikia wito wetu.

Kabla ya kumpa mama vile vidonge vitatu, muuguzi anatakiwa kumuuliza kama amewahi kudhurika kwa dawa yenye salfa. Swali hilo huchukua muda mfupi, na foleni ikiwa ndefu ni rahisi kulipita. Lilifika midomoni mwa wauguzi kutoka kwa watu waliopasuka midomo na kubambuka ngozi, ambao majina yao hayamo kwenye kadi yoyote ya kliniki. Mama anajibu hapana, anapokea kikombe, anameza.