Msanii na Deni la Hadhara

Mwaka 1974, katika mji wa Naples nchini Italia, Marina Abramović alisimama kimya mbele ya watu kwa muda wa saa sita. Mezani palikuwa na vitu 72, miongoni mwavyo waridi, unyoya, asali, mkasi, bastola na risasi, na watazamaji walipewa ruhusa ya kumtendea kwavyo lolote walitakalo. Nguo zake zilikatwa, ngozi yake ikajeruhiwa, na bastola ikaelekezwa kwake. Walikuwako pia waliomfuta machozi na waliowazuia wenzao. Muda ulipotimia akaanza kuwaendea, nao wakakimbia. Walikuwa wamemfanya kitu, na sasa kitu kile kiliwatazama.

Sanaa ya namna hii haina pazia la kujifichia. Msanii hutoa mwili wake kuwa amana, na hadhara hujulikana kwa jinsi iitunzavyo amana hiyo. Basi msanii kama huyo akihamia katika sinema, je, deni lake kwa watazamaji limelipwa au limekimbiwa? Maana picha haidhuriki. Mtu aweza kuizomea, kusinzia mbele yake au kuiacha katikati, nayo huendelea vile vile. Msimulizi wa ngano asemapo paukwa husubiri pakawa, sinema haisubiri.

Wako wasemao kuwa uhamaji huo ni tamaa ya fedha na jina tu. Hukumu hiyo ni nyepesi mno, ingawa tamaa haikosekani katika kazi yoyote ya binadamu. Miranda July wa Marekani alianza kwa maonyesho ya jukwaani mjini Portland katika miaka ya 1990. Katika The Swan Tool, mwanzoni mwa miaka ya 2000, aliigiza mwenyewe mbele ya watu pamoja na picha za video, kana kwamba mguu mmoja ulikwisha kuvuka. Mwaka 2005 akatoa filamu yake ndefu ya kwanza, Me and You and Everyone We Know, iliyopata tuzo ya Caméra d'Or huko Cannes.

Yamkini kioo kilimpa kinga. Lakini alichochagua kukisimulia humo ni kile kile ambacho kioo hukiondoa, yaani kuwapo kwa mtu mbele ya mtu. Katika filamu hiyo mwanamke mmoja, mwenye cheo katika jumba la sanaa, huandikiana kwa kompyuta na mtu asiyemwona, akamjenga moyoni kwa kadiri ya upweke wake. Siku ya kukutana huketi kwenye benchi la bustani akingoja mwanamume. Kando yake ameketi mtoto mdogo, naye hamdhanii. Watazamaji gizani wamemjua mtoto yule tangu mwanzo, wala hapana hata mmoja awezaye kuinuka amwambie.